Mwongozo kamili wa kambare mwenye sumu wa Australia Magharibi: alivyo, anapokaa, na namna ya kuingia majini bila kuchomwa

Watu wengi huanza na swali moja tu, nikichomwa nifanyeje, na ni swali la maana, jibu lake liko huku chini. Ila mi naona ukianzia hapo umeshachelewa. Huyu samaki hakufuati, hakuwindi, hana shida na wewe kabisa, anachoma kwa sababu umemkanyaga alipolala au umemshika vibaya, basi. Kwa hiyo ukijua anapolala, saa anayotoka, na miiba yake imekaa wapi, kazi kubwa umeshaimaliza kabla hata ya kulowesha mguu. Ndo maana huu mwongozo unaanza na samaki mwenyewe, dawa inakuja baadaye.

Tunayemwongelea kitaalamu ni Cnidoglanis macrocephalus. Kwenye miji ya Australia Magharibi kama Perth, Mandurah na Albany kila mtu anamwita cobbler, na hilo jina ndo utalisikia kwa wavuvi na sokoni. Alipewa maelezo ya kisayansi mwaka 1840 na Mfaransa Achille Valenciennes. Anaishi Australia peke yake, upande wa kusini wa bara, kuanzia kusini mwa Queensland huko mashariki mpaka visiwa vya Houtman Abrolhos magharibi, lakini anakojulikana na kuvuliwa zaidi ni ile kona ya kusini magharibi, kwa hiyo huko ndo tutakaa.

Hatua ya 1: mtambue bila kumgusa

Kichwa kipana, kimebonyea kwa juu, mdomo mkubwa wenye midomo minene, na kuuzunguka kuna ndevu jozi nne. Kuanzia hapo mwili unazidi kwenda mwembamba, na mkia wake hauna panda kama samaki wengi uliozoea kuwaona, pezi la pili la mgongoni, la mkiani na la chini ya tumbo yameungana yakawa pezi moja refu linalozunguka nyuma yote, ndo maana ukimwona anaogelea kwa haraka haraka unaweza kusema ni mkunga. Hana magamba hata moja. Ngozi ni tupu na ina utelezi, rangi ni kahawia au kijivu cha kuelekea weusi yenye mabaka mabaka, na hayo mabaka kwenye majani ya chini ya maji yanampoteza kabisa, unaweza ukamtazama na usimwone.

Anafika sentimita 91 na kilo 2 na nusu, na wapo waliopimwa umri wakakutwa na miaka 13. Wengi utakaokutana nao ni wadogo kuliko hapo, na usije ukadhani mdogo hana sumu, anayo.

Sasa kuna kuchanganya majina, na hapa uwe makini. Kwenye mito ya maji baridi, yaani yasiyo na chumvi, ya hiyo hiyo kona ya kusini magharibi kuna kambare mwingine, Tandanus bostocki, naye anaitwa cobbler wa maji baridi, ni wa familia moja na ana miiba pia. Halafu Australia Kusini kuna samaki mdogo, Gymnapistes marmoratus, naye wanampa jina hilo hilo ila si kambare hata kidogo, hana ndevu, miiba imejipanga mgongoni, na ana sumu pia. Mtu akikwambia nimechomwa na cobbler muulize alikuwa wapi na samaki alikuwa na ndevu au hana. Bahati nzuri huduma ya kwanza ni ile ile kwa wote watatu.

Familia yake inaitwa Plotosidae. Ndugu yake mmoja, Plotosus lineatus, mdogo mwenye mistari mieupe kwenye mwili mweusi, yuko Bahari ya Hindi yote mpaka pwani ya Afrika Mashariki, kwa hiyo hata kama hutakanyaga Australia maisha yako yote, mengi ya humu yatakufaa.

Hatua ya 2: ijue silaha yake

Miiba iko mitatu. Mmoja umesimama mbele ya pezi la kwanza la mgongoni, na miwili iko pembeni, mbele ya mapezi ya kifuani, kulia na kushoto. Akishtuka anaitanua yote mitatu na kwenye maungio kuna mfumo wa kufunga, yaani mwiba ukishasimama haurudi kwa kuusukuma tu, umejifunga. Hapo samaki amekuwa na ncha tatu zinazoelekea pande tatu, ndege au samaki mkubwa akitaka kummeza anapata taabu, na ndo kazi ya hii silaha, kujilinda. Haitumii kuwindia.

Watu wanafikiri mwiba una tundu ndani kama sindano. Hapana. Sumu inakaa kwenye seli zilizo kwenye ngozi nyembamba inayoufunika mwiba, mwiba ukizama kwenye nyama yako ile ngozi inachanika na sumu inamwagika ndani ya kidonda. Mwiba wenyewe una meno meno kama msumeno, kwa hiyo unachana wakati wa kuingia na wakati wa kutoka, na mara nyingine kipande kinabaki. Ukielewa hivyo utaelewa pia kwa nini samaki aliyekufa bado anachoma, kwani yeye hapigi sumu kwa kutaka, sumu ipo pale kwenye ngozi inasubiri tu kuchanika. Samaki aliyetupwa ufukweni, aliye kwenye barafu, aliye kwenye ndoo, wote wahesabu kama wazima.

Na sio yeye peke yake. Mwaka 2009 mtafiti wa Chuo Kikuu cha Michigan, Jeremy Wright, alichunguza makambare wa dunia nzima akakadiria kwamba aina zisizopungua 1,250, na pengine zaidi ya 1,600, zina sumu. Kwa hiyo kambare usiyemjua, wa popote pale, mshike ukijua kwamba anaweza kuwa na sumu.

Hatua ya 3: soma maji kabla ya kuingia

Hii ndo hatua ninayoipenda kuliko zote na ndo watu wanairuka.

Anapenda sehemu mto unapokutana na bahari, maji yaliyotulia, yasiyo na kina kirefu, chini kuna tope au mchanga laini, na kuna majani. Mto Swan na Canning pale Perth, Peel-Harvey kule Mandurah, Leschenault karibu na Bunbury, Wilson Inlet karibu na mji wa Denmark, Oyster Harbour pale Albany, zote hizo ni nyumbani kwake. Ukiangalia ramani utaona sehemu nyingi za hivyo ni kama ziwa pana lenye mlango mwembamba wa kutokea baharini, na huo mlango kwa baadhi unazibwa na fungu la mchanga. Wilson Inlet mchanga unaziba mlango wakati wa kiangazi, mvua zikijaza maji watu wanaufungua kwa mashine, na kwa miezi yote ulipofungwa samaki walio ndani wako ndani.

Maji ya huku hayatulii kwa upande wa chumvi. Kusini magharibi mwa Australia mvua inanyesha wakati wa baridi, yaani katikati ya mwaka, maji ya mto yanashuka na kuisukuma chumvi nje, halafu miezi ya joto kuanzia Desemba mvua hakuna na maji ya bahari yanapanda mto tena makumi ya kilomita. Maji mazito ya chumvi hupita chini na maji baridi ya mto hukaa juu, kwa hiyo hapo hapo unapoogelea juu kunaweza kuwa na maji ya mto na miguuni maji ya bahari. Samaki wengi hawawezi hayo maisha. Huyu anaweza, na siri yake mojawapo ni kwamba nyuma ya tundu la haja ana kiungo kidogo cha nyama chenye matawi matawi ambacho makambare wengi wa familia hii wanacho, kinamsaidia kutoa chumvi iliyozidi mwilini. Samaki wengi wa baharini kazi hiyo wanaifanya kwa matamvua, huyu ana njia ya ziada.

Kwa hiyo unapofika ukingoni tafuta vitu hivi. Kwanza majani ya chini ya maji, kwenye Swan ni Halophila ovalis yenye vijani vidogo vya mviringo, Wilson Inlet ni Ruppia inayosimama mirefu na myembamba. Sehemu yenye weusi weusi chini huku pembeni ni mchanga mweupe, ule weusi ni majani na ndo makazi yake. Pili mashimo, mchana anajificha kwenye tundu chini, au chini ya mwamba, gogo, nguzo za gati, popote penye kivuli na ukuta wa kujiegemeza. Tatu, maji yenye tope karibu na midomo ya vijito, hapo huoni chini na yeye anapapenda hivyo hivyo.

Usidhani ukitoka mtoni ukaenda baharini umemkwepa. Anaishi baharini pia, kwenye ghuba, miamba na nyasi bahari mpaka kina cha mita 30 hivi. Na kuna sehemu moja ambayo ningependa kila mzazi aijue: yale marundo ya majani na mwani uliokatika yanayoelea kwenye mawimbi ufukweni. Utafiti uliofanywa kwenye fukwe za kusini magharibi miaka ya themanini ulikuta marundo hayo yamejaa cobbler wadogo. Wanajificha humo mchana, usiku wanatoka kula vidudu vidogo jamii ya kamba wanaoishi kwenye hayo majani, na humo wanajikinga na mnandi wanaozamia kuwatafuta. Sasa mtoto akiona rundo la mwani kwenye maji ya magoti anataka kulirukia. Mwambie asirukie, wala asitembee peku kwenye mwani uliotupwa na bahari.

Hatua ya 4: jua saa zake

Usiku. Jua likizama anatoka, mchana amelala. Mchana hatari ni kumkanyaga alipojificha, usiku hatari ni kwamba ametoka na yuko kwenye maji mafupi anatafuta chakula, kule kule unakotembea na tochi ukitafuta kamba. Wavuvi wa usiku wa kutembea kwa miguu ndo watu wa kuwa makini zaidi.

Chakula chake ni cha chini, kaa na kamba wadogo, chaza na konokono, minyoo ya matopeni, na mabaki ya majani na takataka anameza humo humo. Macho ni madogo na kwenye tope usiku hayamsaidii sana, anategemea ndevu, zinagusa na kuonja kwa wakati mmoja, na makambare kwa jumla wana vihisio vya umeme kwenye ngozi vinavyowaambia kiumbe hai kiko karibu. Kuna jambo limegunduliwa kwa ndugu yake wa Japani, Plotosus japonicus, ambalo mpaka leo nikilifikiria nafurahi. Mwaka 2014 John Caprio na wenzake wa Japani walionyesha kwamba ndevu za yule samaki zinahisi badiliko dogo mno la asidi kwenye maji ya bahari, kiasi cha pH 0.1, na badiliko hilo linaletwa na pumzi ya mnyoo aliyejificha kwenye mchanga. Yaani mnyoo anapumua ndani ya shimo lake na samaki anajua yuko wapi, gizani, bila kumwona wala kumgusa. Aliyechunguzwa ni yule wa Japani sio huyu wetu, ila ndevu za familia hii zisikufanye udhani ni pambo.

Hatua ya 5: elewa uzazi wake, maana hapo ndo penye udhaifu

Anazaliana kuanzia mwisho wa Oktoba hivi mpaka mwanzo wa mwaka, maji yakiwa yanapata joto. Mayai yake ni makubwa lakini machache ukilinganisha na samaki wanaomwaga mamilioni baharini. Dume ndo anabaki shimoni na mayai, anayalinda, na vifaranga vikitoka anaendelea navyo mpaka viweze kujitegemea. Huo mfumo ni mzuri kama shimo limetulia. Ukimtoa yule dume kwa wavu, mayai yote ya shimo lile yamebaki bila mwenyewe. Na kukomaa kwenyewe kunachukua miaka kama mitatu.

Jambo la pili, hawa samaki sio wasafiri. Utafiti wa vinasaba uliochapishwa 1994 ulionyesha tofauti kubwa kati ya makundi ya mdomo huu wa mto na ule, na hata kati ya wale wa mtoni na wale wa baharini jirani. Maana yake kwa mtu wa kawaida ni kwamba ukiwamaliza kwenye mto mmoja usitegemee wa jirani watahamia haraka kuja kujaza pengo. Wa pale ni wa pale.

Ndicho kilichotokea Perth. Cobbler wa Swan na Canning walipungua sana, uvuvi ulikuwepo, makazi yake yaliharibika, na hali ya maji ikawa mbaya mpaka sehemu za juu za hiyo mito zimewekewa mitambo ya kuingiza oksijeni. Samaki anayeishi chini kabisa, kwenye shimo, akilinda mayai yasiyoweza kuhama, maji ya chini yakikosa oksijeni anapata shida kabla ya mwingine yeyote. Tangu 2007 imekatazwa kuwavua kwenye mito hiyo miwili. Ukimnasa kwa bahati mbaya pale unamrudisha majini. Sehemu nyingine za jimbo wanavuliwa kihalali, Wilson Inlet wamekuwa kati ya samaki muhimu wa wavuvi wa biashara kwa miaka mingi na nyama yake ni nzuri kweli, ila kuna kipimo cha chini cha urefu na idadi kwa siku, na hizo sheria hubadilika, kwa hiyo siku unayokwenda fungua ukurasa wa idara ya uvuvi ya jimbo usome za siku hiyo, usitegemee alivyokwambia rafiki.

Hatua ya 6: ingia majini

Vaa viatu vyenye soli ngumu. Ndala hazisaidii, na vile viatu laini vya kuogelea mwiba unapita. Tembea kwa kuburuta miguu chini bila kuinua, mguu ukimgusa ubavuni ataondoka, ukimshukia kwa juu ule mwiba wa mgongoni unakusubiri. Pita kwenye mchanga mweupe, zunguka majani. Usiingize mkono kwenye tundu usiloona ndani yake, hata kama umeona kaa ameingia humo. Usiku tochi iwe na mwanga wa kutosha kuona chini, na maji yakiwa na tope kiasi kwamba huoni vidole vyako vya miguu, toka.

Hatua ya 7: amenasa kwenye ndoana au wavu, sasa?

Tulia. Ajali nyingi ni za haraka, mtu anataka kumtoa samaki upesi wavu usichafuke. Usimkanyage kumzuia asirukeruke na usimshike mwilini, utelezi wake utamfanya azunguke mkononi na mwiba wa kifuani utakupata kwenye kiganja. Mwache kwenye maji ndani ya wavu wa mkono, shika ndoana kwa koleo refu, igeuze mpaka ichomoke. Ikigoma au ameimeza kata mshipi karibu na mdomo, mwache aende. Kwenye wavu wa kutega, kata macho ya wavu, wavu unashonwa.

Kama ni halali na unamchukua kula, hakikisha amekufa, mbane kichwa kwa ubao au kitambaa kinene, kata miiba yote mitatu kwenye shina kwa mkasi mkubwa au koleo la kukatia waya, halafu hiyo miiba uifunge kwenye kitu kigumu kabla ya kuitupa, kuna mtu atakayeshika lile jalala kwa mkono.

Hatua ya 8: umechomwa

Toka majini kwanza, na mtu awe karibu yako. Maumivu yanakuja papo hapo, makali, yanadunda, na yanaweza kupanda mguu au mkono mzima, pale panavimba. Kwa wengi ni maumivu makubwa yanayoweza kudumu saa kadhaa na sio kifo, hilo ulijue ili usipaniki.

Dawa ya kwanza ni maji ya moto. Sumu hii ni protini, joto linaiharibu. Chukua maji yenye joto la karibu nyuzi 45, yapimwe na mtu asiyechomwa au kwa mkono wako mwingine mzima, kwa sababu ule ulioumia hausikii joto vizuri na watu wamejibabua hivyo. Zamisha sehemu yote, nusu saa mpaka saa moja na nusu, ukiongeza maji ya moto yanapopoa. Maumivu yakirudi, rudia. Usifunge kitambaa cha kukaza, usichanje, usinyonye, barafu hapa haisaidii.

Kama mwiba unaonekana na umeingia kidogo tu, uchomoe kwa kibano kwa kufuata njia uliyoingilia, kisha osha kidonda kwa maji safi mengi. Ukiwa umezama ndani, au uko karibu na kiungo, shingo, kifua au tumbo, usiuguse, nenda nao hospitali ulivyo.

Kushindwa kupumua, uso kuvimba, kizunguzungu, kuzimia, mapigo ya moyo kwenda ovyo, piga 000, namba ya dharura ya Australia, hapo hapo. Kwa ushauri wa sumu Australia nzima namba ni 13 11 26, saa 24.

Hata ukipata nafuu, muone daktari kuhusu mambo mawili. Chanjo ya pepopunda, kama hukumbuki ya mwisho ulichoma lini. Na kipande cha mwiba kubaki ndani, ambacho mara nyingi kinahitaji eksirei kuonekana na kikibaki kidonda hakifungi. Maji ya mdomo wa mto yana bakteria wanaopenda vidonda vya namna hii, hasa miezi ya joto, na kwa mtu mwenye kisukari, ugonjwa wa ini au kinga dhaifu maambukizi yanaweza kwenda kasi sana. Siku zinazofuata ukiona wekundu unasambaa, usaha, homa, au maumivu yaliyokuwa yameisha yameanza upya, rudi hospitali siku hiyo hiyo na umwambie daktari wazi kwamba ulichomwa na samaki kwenye maji ya chumvi nusu, kwa sababu dawa za kuua bakteria atakazochagua zinategemea hilo.